Karata Kifudifudi

Karata ndizo zilizomlisha Bi Mwanakombo tangu ujanani. Leo, mbele ya klabu nzima, mkono wake ulitetemeka na ree ya shupaza ikamponyoka, ikaangukia mezani uso juu. Kwa sheria ya briji, karata ikishaonekana hivyo hairudi mkononi.

"Iokote tu, Bi Mkubwa," mpinzani wake Makame alisema kwa upole. "Tunakuelewa."

"Mnanielewa au mnanihurumia? Iache hapo hapo. Naicheza."

Akaicheza. Makame akaikata kwa turufu.

Mwenyekiti wa klabu akasogea na barua ya kustaafu aliyokwisha kuiandaa, akaiweka mbele ya mama huyo pamoja na kalamu.

Bi Mwanakombo akaisukuma kalamu kando. Akazipanga karata zake kumi na mbili kifudifudi juu ya barua ile, moja moja, kisha akaikalia mikono yake.

"Zote zimo kichwani. Haya, Makame, cheza!"

Makame akatupa kumi ya kopa.

"Ya tatu kutoka kushoto," akasema Bi Mwanakombo. "Mfalme wa kopa. Nifunulie, mwenyekiti."

Klabu nzima ikasimama. Mwenyekiti akainama, akaupeleka mkono kwenye karata ya tatu, na safari hii vidole vilivyotetemeka vilikuwa vyake.