Valizi ya Kiungo

Teksi ilikuwa ikipiga honi nje ya nyumba, mtaani Katoyi. Tatsuro, kiungo Mjapani aliyechezea timu tisa za soka bila kutulia hata katika moja, alivuta valizi yake, sanduku la safari, kutoka chini ya kitanda aende kwa timu ya kumi. Ilikuwa nzito kama jiwe la volkano.

Akaifungua. Maharagwe kutoka mashamba ya Kibumba yalijaa pomoni.

"Mama, nguo zangu ziko wapi?"

"Mu kabati," mama mwenye nyumba akajibu kutoka jikoni. "Mugeni tu ndiye anaweka nguo mu valizi. Na hiyo iko na zipu, panya haziingie."

Honi ikalia tena.

Tatsuro akazamisha mkono ndani ya maharagwe, polepole, mpaka saa yake ya mkononi ikafunikwa, wala hakuinuka kwenda kwenye teksi.