Koti la Declan

Kwenye kifungo cha tatu cha sweta ya bibi, vidole vya Abdulwakil vilisita kama kawaida yake. Akakiruka, akafunga cha nne na cha tano, kisha akarudi kukifunga upesiupesi huku akitazama dirishani.

"Kila siku kifungo hichohicho," alisema Bi Nuala. "Sweta zangu zimekukosea nini?"

"Vidole vyangu vimezeeka kabla yangu."

Ulikuwa mwaka wa nne akimtunza bibi huyu wa Kiairishi katika fleti yake ya mtaa wa Kilburn. Kumwogesha, kumvisha na kumpa dawa kulikuwa rahisi. Kazi hasa ilikuwa kumsikiliza. Magoti ya Bi Nuala yalikuwa yamekwisha, lakini ulimi ulikuwa mzima kuliko wa tarishi.

"Kwetu Ireland ya Kaskazini," angeanza, "Mkatoliki alinyimwa nyumba, na asiye na nyumba hakuwa na kura ya kuchagua hata diwani. Basi tukatoka barabarani. Wapo waliotaka Ireland iwe moja, wapo waliotaka kura tu. Risasi hazikutuuliza."

Halafu ingekuja habari ya koti. Bi Nuala alikuwa safu ya nne ya maandamano, kaka yake Declan safu ya tatu, mbele yake. Koti la kahawia, mshono wa begani umefumuka, naye akijisemea atalishona wakirudi nyumbani. Mara koti likaanguka. Abdulwakil aliijua hadithi hiyo mpaka mahali pa kuvuta pumzi.

"Sitaki fidia wala sanamu," angemalizia. "Nataka askari yule aliyempiga aje aketi hapo ulipo wewe, aniambie Declan alikuwa na uso gani."

Hakupata kuja mtu.

Leo ilikuwa Jumapili ya kumbukumbu. Kila Januari, saa nane mchana, Waairishi wa mtaani hukutana katika ukumbi wa kanisa wakasoma majina ya waliouawa katika maandamano yale. Mwaka huu Bi Nuala alikuwa amemwomba kasisi nafasi ya jina moja zaidi. Alijua kwamba Abdulwakil katoka Pemba, kwamba huko nako watu waliandamana Januari moja kudai uchaguzi urudiwe, wakapigwa risasi. Aliwahi kumuuliza kama alikuwepo, naye akajibu, "Nilikuwepo." Yaliyobaki Bi Nuala aliyajaza mwenyewe, kama alivyoyajaza kila mtu.

Asubuhi, kwao Barking, upande wa pili wa jiji, mkewe Ummukulthum alimnyooshea shati, kisha akalishika asimpe.

"Usende, baba Asad. La kuvunda halina ubani. Watoto wamekulia hapa, wana kazi zao, wana heshima zao. Ukishalitaja jina hilo mbele za watu, hulirejeshi tena."

Kwa miaka ishirini na kitu, kila Januari alijifungia chumbani na msahafu, akasoma hitima peke yake. Wapemba wenzake walisoma zao msikitini, kwa pamoja, yeye hakwenda. Ummukulthum humwekea gilasi ya maji mlangoni, akaondoka. Machozi hayakuwahi kumtoka. Kifua chake kilishikwa ganzi zamani, kama mguu uliolaliwa, na yeye alikwishazoea kuutembelea hivyohivyo. Alichukua shati, akapanda treni.

Sasa Bi Nuala alikuwa na kalamu mkononi na bahasha kuukuu mapajani.

"Nipe jina, Abdul."

"Ziyad."

Alidhani kitu kitatokea. Birika la umeme lilichemka, likajizima.

"Ndugu yako?"

"La. Hatukuwa tukijuana. Jina nililisikia Shimoni, upande wa Kenya, nilikokimbilia. Mama yake alikuwa ufukweni anamuulizia kwa kila anayeshuka mashuani, akieleza sura yake na shati lake."

"Nawe ulimjibu nini?"

"Sikumjibu."

Bi Nuala alimshika mkono kidogo, akauachia. "Niambie jambo lake moja nilisome pamoja na jina. Jina tupu watu wanalisahau kabla ya chai."

Abdulwakil alisimama na koti la bibi mikononi. Alianza kusema kwa sauti ileile anayosomea maagizo ya dawa.

"Alikuwa na pengo, jino la mbele. Shati jeupe. Kifungo cha tatu hakikuwapo, alipabana kwa pini, na ile pini ikimeremeta juani. Alikuja ameinua mikono, viganja wazi. Midomo yake ilikuwa ikicheza. Nadhani alikuwa akisoma dua. Hakuonekana kuogopa. Alionekana kama mtu anayetaka kuuliza kitu."

Kalamu iliandika pengo, ikaandika pini, ikasimama. Bi Nuala aliitazama bahasha. Chini, basi lilisimama kituoni, likashusha watu, likaondoka. Kisha akavua miwani, akaiweka juu ya meza, pembeni ya dawa za mchana.

"Mimi nilikuwa naandamana," alisema polepole. "Declan nilimwona mgongo."

Abdulwakil alimvisha mkono mmoja wa koti, akazunguka kiti, akamvisha wa pili.

"Wewe ulikuwa umesimama wapi, Abdul?"

Alipiga magoti mbele yake, akaanza kufunga vifungo vya koti kutoka juu. Cha kwanza. Cha pili. Kwenye cha tatu vidole vilisita, na safari hii hakukiruka.

"Mbele yake," alisema. "Nililenga penye pini."