Miaka ya Makoye

Agnetha, katibu wa timu, alikigeuza cheti cha kuzaliwa mara ya tatu, kisha akakiinua kwenye mwanga wa dirisha kama muuza duka anayekagua noti.

"Makoye Masele. Umezaliwa Kishapu, mwaka tisini na tano."

"Ndiyo, dada."

"Kwa hiyo una thelathini."

"Thelathini, dada."

Agnetha alimtazama usoni, akashuka hadi magotini, akarudi usoni. Makoye alitabasamu. Asubuhi ile alikuwa amenyoa kipara ili mvi zisimchongee, na goti la kushoto alilifunga bandeji chini ya suruali. Alikuwa na miaka thelathini na saba. Timu hii ya Geita haikusajili mtu aliyevuka thelathini na moja.

Cheti kile alikitoa kwenye sanduku la bati la mama yake miaka kumi na mitatu iliyopita, mama akiwa mnadani. Akaacha kingine mahali pake, akapanda basi la Kigali. Wakala alitaka mshambuliaji wa miaka kumi na saba, akampata. Kutoka Rwanda alikwenda Zambia, Zambia wakamuuza Msumbiji, kisha Oman, kisha Sudan, hadi vita vilipomtoa huko na begi moja. Kila nchi jezi mpya, daktari mpya, sindano ile ile ya goti. Na kila alipokutana na Watanzania wenzake ugenini, aliwatangulia kwa shikamoo watu waliomzidi kwenye karatasi tu. Ulimi ukazoea.

Nyumbani hakurudi hata siku moja. Kwenye simu alisema ni kazi. Ilikuwa aibu.

Sasa hakuna nchi nyingine iliyomtaka. Mkataba huu ukimponyoka, hakuwa na kitu kingine anachojua kufanya duniani. Na cheti kikigundulika, angefungiwa maisha.

"Darasa la saba ulimaliza lini?"

"Elfu mbili na tisa."

"Mwalimu mkuu wako?"

"Mwalimu Pantaleo. Alikuwa na pikipiki nyekundu, haiwaki mpaka isukumwe."

Agnetha akacheka. Makoye hakucheka, maana majibu hayo aliyakariri Kigali, chumba cha kupanga, kabla hata hajagusa mpira.

"Haya, nyanda, kijana wa Kisukuma, mimi sina neno," alisema Agnetha, akigonga muhuri. "Ila usidhani umemaliza. Kocha hasaini fomu ya mtu mpaka amwone kwa macho yake. Mwezi uliopita amerudisha wawili, mmoja wa Songwa, mwingine wa Kagongwa. Mambo ya vyeti haya haya."

"Anajuaje?"

"Anajua tu. Anasema mtu akijishushia miaka, kuna mwenzake amembebesha."

"Ni mkali sana?"

"Hafoki. Ndiyo maana wanamwogopa. Mpira anaujua huyo, sijui kwa nini hakuucheza. Mwenyewe anasema alichelewa." Agnetha alikuwa anapanga karatasi, akaonekana kufurahia maongezi. "Tena kwa umri ni kaka yako, ana thelathini na saba, lakini ukimwona utampa thelathini. Thelathini yako wewe imepigwa jua, samahani."

"Jua la Sudan, dada. Anaitwa nani?"

"Magesa. Magesa Masele, wa huko huko kwenu. Si ndugu yako?"

"Akina Masele Kishapu ni wengi."

Alilijibu hilo haraka kuliko yote. Jina la Magesa alikuwa hajalisikia likitamkwa kwa miaka kumi na mitatu. Angeweza kusema amesahau simu kwenye bodaboda, akatoka, akaenda zake stendi. Goti lingemfikisha stendi. Baada ya hapo hakujua lingempeleka wapi, kwa hiyo alibaki kwenye kiti.

Viatu vya mpira vilisikika koridoni. Mlango ukafunguliwa.

Aliyeingia alikuwa mwembamba, filimbi shingoni, hana hata unywele mmoja mweupe. Hakumtazama mgeni. Alichukua cheti mezani akakisoma polepole, jina, siku, mwezi, mwaka, akapitisha kidole gumba juu ya kila mstari. Alipomaliza akakirudia tena tangu mwanzo. Agnetha alianza kusema neno, akaliacha.

Ndipo kocha alipoinua macho.

"Huyu ndiye Makoye?"

"Ndiye," alisema Agnetha. "Thelathini. Mimi nimemaliza naye, imebaki sahihi yako."

Kalamu ilikuwa juu ya fomu. Kocha hakuigusa.

"Mbona sijasikia akiniamkia?"

Nje, uwanjani, mtu alipiga mpira ukutani, ukarudi, akaupiga tena. Makoye alisimama, goti likamuuma. Alikumbuka Mhunze, kwao Kishapu, ng'ombe mbele yake, na uzito wa mtoto aliyelala mgongoni mwake. Akainamisha kichwa chini kabisa.

"Shikamoo, kaka Magesa," alisema, akimwita kwa jina ambalo yeye mwenyewe alizaliwa nalo.

Kocha alimwacha ameinama hivyo hivyo, hadi Agnetha akageuzia uso dirishani.

"Marahaba, Makoye," akajibu Makoye mwenyewe, mdogo wake wa tumbo moja, akachukua kalamu.