Stakabadhi Pindoni

Saa tatu asubuhi dirisha la masjala ya mahakama lilifunguliwa, na Bi Mwatime alikuwa wa kwanza kulifikia. Nyuma yake alisimama Kombo, shemeji yake, ambaye Bi Mwatime alimshitaki kwa kuitwaa nyumba ya marehemu mumewe.

"Mmepatana, mama?" karani aliuliza.

"Tumepatana," Kombo alidakia. "Hata pilau tumekula."

"Sikukuuliza wewe, bwana. Mama, ukirudishiwa ada uliyolipa, kesi imefungwa na haifunguliwi tena. Ulikubali kwa hiari yako?"

Bi Mwatime alisikia pumzi ya Kombo kisogoni. Siku ya kupatana Kombo alimwambia jambo moja tu, kwamba paa la makuti la nyumba ya binti yake Mwatime, anakolala sasa na wajukuu, lingeweza kushika moto.

Stakabadhi ya ada, ambayo bila hiyo hangerudishiwa pesa, ilikuwa imefungwa kwenye pindo la kanga yake. Alilishika fundo.

"Fungua, shemeji," Kombo alisema kwa upole. "Watu wana kazi zao."

Karani aliweka kalamu chini. "Nakusikiliza wewe, mama."

Bi Mwatime alilishika fundo kwa mikono miwili, akalikaza.