Shimo la Muhanga

Palikuwa na Ngiri, mjane mwenye watoto, aliyekosa makao mvua zikikaribia. Muhanga, mchimbaji hodari, akampa shimo. "Mama, utaniletea kikapu cha viazi kila mwezi mpaka shimo liwe lako. Ni kidogo tu."

Ngiri hakuuliza zaidi. Alipeleka viazi mpaka watoto wakakua na magoti yake yakachoka. Ndipo akasema, "Bwana Muhanga, nadhani sasa shimo ni langu."

"Bado," alijibu Muhanga. "Karibu vyote hivyo vilikuwa malipo ya kunisubirisha. Bei ya shimo lenyewe umeigusa kidogo."

"Mbona hukuniambia?"

"Hukuuliza."

Ngiri akapiga hesabu. Vikapu vile vingetosha mashimo matatu, na wanawe walilala njaa ili vijae.

Kesho yake aliwakuta Nungunungu na mkewe kwa Muhanga, wameleta kikapu chao cha kwanza cha kununua shimo. Akasimama kati yao na Muhanga. "Msimuulize kikapu ni kikubwa kiasi gani," akasema. "Muulizeni ni vingapi mpaka mwisho."

Wakamuuliza. Muhanga akarudia, "Ni kidogo tu."

Nungunungu akabeba viazi vyake akaenda kujichimbia mwenyewe, na Ngiri akamsaidia. Tangu hapo, asiyetaja bei yote hapati mteja pale.