Mkalimani wa Madame Lorna

Bwana Calder aliuliza kwa Kifaransa nani alichoma nyumba. Madame Lorna akajibu kwa Kiswahili. Kasoki, aliyekaa katikati yao kama mkalimani, akatafsiri uongo.

"Anasema ni mpishi," alisema. "Paluku."

Bwana Calder aliitikia kwa kichwa polepole. Hakuandika kitu. "Kama ilivyo kitabuni," akasema.

Ilikuwa Novemba 1995, ghorofa ya nne, Etterbeek, Ubelgiji, mvua ikichirizika madirishani. Madame Lorna Vickstead alikuwa mwandishi mashuhuri wa Kimarekani, lakini alizaliwa na wamisionari kwenye milima ya Lubero, huko Kivu, Kongo, na Kiswahili alikijua kabla ya Kiingereza. Alipopata kiharusi, Kiingereza kilimtoka, kisha Kifaransa. Ikabaki lugha ya yaya wake. Ndiyo maana jamaa zake walimtafuta Kasoki, aliyekimbia kutoka Butembo, mji wa huko huko, amwogeshe, amlishe, na amwelewe.

Bwana Calder alikuwa akiandika kitabu cha maisha ya Madame Lorna. Alikuwa Mmarekani wa miaka hamsini na kitu, mpole, sauti ya chini, na tayari alikuwa ameandika maisha ya waandishi wengine wawili wa kwao.

"Mwandishi huficha jambo moja tu," alimwambia Kasoki siku ya kwanza. "Kisha huandika vitabu kumi akilizunguka. Kazi yangu ni kulifikia."

Kwa Madame Lorna, jambo hilo lilikuwa moto. Mwaka 1953 nyumba yao ya misheni iliteketea, na mumewe, daktari, akafia ndani. Mpishi wao Paluku alikamatwa, akafungwa, akafia gerezani. Riwaya iliyompa Madame jina duniani ilisimulia hayo hayo: mpishi mwenye kinyongo anamchoma bwana wake usingizini.

Lakini jibu lake alasiri ile lilikuwa jingine kabisa.

"Haikuwa Paluku," alikuwa amesema, macho yake kwenye kikombe. "Ilikuwa mutoto. Mutoto wa pasta jirani. Nilimuona ku dirisha na bidon ya petroli, anaangalia moto vile watu wanaangaliaka mechi. Mutoto muzungu, wa miaka kumi. Ningesema nini? Nilinyamaza. Paluku wakamubeba."

Karatasi za Kasoki za kukaa Ubelgiji zilitegemea kazi hii. Zaidi ya hayo, alimpenda huyu bibi. Ulimwengu ungemfanya nini ukijua? Hivyo akasema: mpishi.

"Mupe mutoto chai," Madame Lorna aliagiza, akimwelekezea Bwana Calder kidole. "Asiweke sukari, meno yake ni mabaya."

Kasoki alicheka. Kwa mzee, kila mtu ni mtoto. Alipogeuka kumtafsiria, mgeni alikuwa ameshairudisha sukari mezani.

Wakati wa kuaga, Bwana Calder aliuliza, "Kuna mwingine anayeelewa Kiswahili chake?"

"Hapana, Monsieur. Ni mimi tu."

"Na unapokwenda sokoni?"

"Anabaki peke yake."

Hilo aliliandika.

Wiki ile Kasoki hakuacha kumwaza mpishi. Paluku lilikuwa jina la kaka yake mkubwa. Kwao Butembo, karibu kila nyumba ina Paluku wake. Aliwaza watoto wa mpishi yule, wazee sasa, waliokua wakiitwa watoto wa muuaji. Na sasa kitabu kingine kingekuja kupigilia msumari ule ule, safari hii kwa mdomo wake yeye.

Akimchana nywele Madame, alijaribu. "Maman, ule mutoto wa pasta. Alikuwaka nani?"

Bibi alimshika mkono kwa nguvu. "Funga mulango."

"Mulango imefungwa, maman."

"Funga tena."

Bwana Calder aliporudi Alhamisi, Madame Lorna aligeukia ukutani. Mgeni hakukasirika. Aliinama juu ya kitanda, akamtazama kwa muda mrefu, kama mtu anayesikiliza pumzi. Kisha akavaa koti.

"Inatosha," alimwambia Kasoki. "Sura ya moto imekamilika. Tumwache mpishi alipo."

Kasoki alimsindikiza hadi nje, kwenye ngazi. Ngazi zilikuwa tupu. Majirani walikuwa makazini. Alitaka kumwacha ashuke. Alisikia hatua moja, ya pili, akajua kwamba akinyamaza sasa, Paluku atakuwa ameuawa mara mbili, na mara ya pili muuaji ni yeye.

"Monsieur!" aliita kwa Kifaransa. "Ningojee. Nilikudanganya."

Mgeni alisimama. Kasoki akayamwaga yote bila kupumua: mtoto, dirisha, petroli, ukimya wa Madame. Akaomba radhi. Akasema yuko tayari kufukuzwa kazi, kurudishwa Kongo hata, mradi jina la Paluku lisafishwe. Alipomaliza alikuwa akilia, na kifua chake kilikuwa chepesi kwa mara ya kwanza tangu wiki iliyopita.

Bwana Calder alipanda tena ngazi, taratibu. Akampita. Akaushika mlango wa nyumba uliokuwa wazi nyuma ya Kasoki, akauvuta mpaka ukajifunga.

"Najua, maman Kasoki," akasema, kwa Kiswahili cha Lubero, kisicho na kosa. "Nilisikia yote. Ule mutoto mwenye alikuwa ku dirisha... jina yake, alikuambia?"