Karatasi ya Tatu

Kwenye kona ya faili palikuwa na matundu mawili mapya ya pini, lakini karatasi zilikuwa mbili tu.

"Hesabu vizuri, dada yangu," muuguzi wa wodi ya watoto wachanga alisihi kwenye simu. "Ya tatu niliibana mwenyewe jana, gari la mafaili likiwa limeshawasha injini."

"Nimehesabu. Ni mbili."

Aliyejibu alikuwa karani wa ofisi ya takwimu, mwanamke wa makamo ambaye wenzake walimwita Mama Namba. Hospitali nne zilimletea mafaili ya watoto waliozaliwa na matatizo, majina yakiwa yamefunikwa kwa utepe mweusi ili asimwonee mtu wala kumpendelea. Yeye alisoma alichoandika daktari, akakigeuza kuwa namba, akaiingiza kwenye kompyuta. Miaka kumi na tisa ya kazi hiyo ilikuwa imemla mgongo, na kila saa ya chai alikuwa na kidonge chake cha kumeza. Ila hakuwahi kurudishiwa faili hata moja. Kisichoandikwa hakikutokea, ndivyo alivyozoea kuwaambia wanaombembeleza.

Mtoto wa faili hili alikuwa na siku tatu duniani. Alitetemeka, alilia kwa sauti nyembamba bila kunyamaza, alikataa titi. Daktari aliandika kwamba mama yake alimeza vidonge vikali vya maumivu miezi yote ya mwisho ya ujauzito, na kwamba hakuwa na cheti cha kuandikiwa dawa hizo.

Hapo palikuwa na namba mbili za kuchagua. P04.1 ni ya mtoto aliyedhurika kwa dawa ambayo mama aliitumia kama tiba. P96.1 ni ya mtoto wa mraibu. Hiyo ya pili ikishaingia tu, kompyuta yenyewe huwaarifu watu wa ustawi wa jamii, nao huja kumchukua mtoto.

"Yule si mraibu," muuguzi alisema. "Alikuwa na maumivu, akapewa vidonge na mtu mzima anayemheshimu. Akaambiwa, 'Mwenzio navimeza kila siku, mbona sijafa?' Alikataa katakata kumtaja kwa mdomo wake. Nikamwambia, mwanangu, mficha uchi hazai, basi andika. Akaandika kila kitu, na jina, akaikunja. Mimi hata sikuifungua, niliibana tu."

"Aandike nyingine."

"Ataandikaje? Alfajiri alianza kutokwa damu, wakamrudisha chumba cha upasuaji. Mpaka sasa hajazinduka. Nisubirie mpaka kesho tu. Nakuomba."

"Faili halilali hapa. Unaujua utaratibu."

"Hivi wewe umezaa kweli?"

Mama Namba alikata simu. Ile yake binafsi ilitetemeka mkobani kwa mara ya tatu tangu asubuhi, naye hakuitazama. Kazini ni kazini.

Karani wa meza ya pili, bwana mmoja mwenye maneno mengi, alimsogezea kikombe cha chai. "Leo hata chai huigusi? Au huyo wa kwenye simu amekushibisha maneno?"

Mama Namba alilisoma faili tena tangu mwanzo, akipitisha kidole chini ya kila mstari. Kidole kilifika penye matundu ya pini, kikasimama. Kisha akaandika P96.1 na kubonyeza kitufe cha kutuma.

Saa nane mchana jibu lilirudi kwenye kioo cha kompyuta: mtoto amechukuliwa. Mama Namba alilifunga faili, akaliweka juu ya mengine, akaendelea na kazi mpaka saa ya kutoka.

Alipofika nyumbani alimkuta mwanawe wa pekee amekaa kizingitini, viatu mkononi, macho yamemvimba.

"Mama, nimekupigia kutwa nzima."

"Nilikuwa kazini, baba."

"Mke wangu hajazinduka. Na mtoto wamembeba mchana huu, eti mama yake ni mraibu." Akashindwa, akalia kama alivyokuwa akilia utotoni, mdomo wazi. "Wewe umeishi naye humu ndani, unamjua. Ningempata tu huyo aliyempa vile vidonge!"

Mama Namba akamvuta kifuani, akamkumbatia polepole, kwa uangalifu mkubwa, ili ile karatasi iliyokunjwa ndani ya sidiria yake isisikike.